Umetoa mzigo kwa mali kauli na hujalipwa: karatasi ipi itakubeba?

Mteja akichukua mzigo kwa mali kauli, yaani achukue sasa alipe baadaye, kisha akaingia mitini, wauzaji wengi hudhani kazi yao mahakamani ni kuonyesha kwamba hawajalipwa. Sivyo. Hakuna mtu anayeweza kuleta risiti ya pesa ambazo hazikuja. Kinachotakiwa kwako kinatangulia hapo: kwamba mlikubaliana bei na mkopo, na kwamba mzigo ulimfikia. Ukishavuka hapo, mdaiwa akisema "mbona nilishamlipa", yeye ndiye anayetakiwa kuthibitisha malipo yake.

Ndiyo maana swali la kujiuliza kabla ya kutoa mzigo si "nina karatasi?" bali "karatasi hii inanivusha hatua ipi?" Kuna karatasi nzuri tu, yenye nembo na muhuri, isiyokuvusha hata moja. Na kuna ujumbe wa simu wa maneno sita unaomaliza ubishi wote.

Sheria yenyewe haina mafumbo. Tanzania, Sheria ya Ushahidi, Sura ya 6, kifungu cha 110 (kwa namba za toleo la 2019) inasema anayetaka mahakama imtambulie haki kwa sababu ya mambo anayodai yapo, athibitishe kwamba yapo. Kifungu cha 112 kinaongeza kuwa jambo mahususi huthibitishwa na yule anayetaka liaminike. Kenya, vifungu vya 107 na 109 vya Sheria ya Ushahidi, Sura ya 80, vinasema karibu maneno hayo hayo, kwa kuwa sheria zote mbili zimechukua sana kutoka sheria ya ushahidi ya India ya mwaka 1872 iliyotumika huku enzi za Mwingereza. Mahakama za mwanzo za Tanzania haziendi na Sura ya 6. Zina kanuni zao za ushahidi za mwaka 1964. Hata hivyo msimamo ni ule ule: mdai athibitishe yote yanayojenga dai lake, isipokuwa yale ambayo mwenzake ameyakubali mwenyewe. Watu wa pwani wanaijua kanuni hii kwa sura nyingine tangu madrasa, kwamba ushahidi ni juu ya anayedai na kiapo ni juu ya anayekana.

Kiwango nacho si cha kutisha. Deni si kesi ya jinai ambayo shaka moja tu humtoa mshtakiwa. Hakimu anapima upande upi una ushahidi mzito zaidi, hata kama umezidi kidogo tu. Tatizo la wauzaji wengi ni kwamba wanakwenda kwenye mizani hiyo mikono mitupu.

Daftari lako, au daftari lenye saini yake

Mali bila daftari hupotea bila habari. Kwa hesabu za duka, methali hiyo haina mpinzani. Mahakamani ina upungufu ambao wengi hawaujui hadi wanapoulizwa maswali: kifungu cha 37 cha Sheria ya Ushahidi ya Kenya kinakubali vitabu vya hesabu vinavyoandikwa kwa utaratibu wa kila siku wa biashara, lakini kinasema maandishi hayo peke yake hayatoshi kumbebesha mtu deni. Sheria ya Tanzania ina kifungu cha namna hiyo hiyo. Na ukifikiri, ni haki. Daftari umeliandika wewe, linalala kwako, na kalamu ni yako. Kama lingetosha, kila mwenye daftari angeweza kumdai kila jirani.

Sasa lilinganishe na daftari hilo hilo ambalo kila mstari una saini ya mteja, au dole gumba lake. Karatasi ni ile ile ya shilingi chache, lakini sasa si maneno yako tena, ni maneno yake. Katika aya ndefu kuliko zote za Qur'ani, ile ya deni (2:282), anayetakiwa kumsomea mwandishi yale ya kuandikwa ni mdaiwa, si mwenye kudai. Sababu yake ni hii hii ninayoizungumza.

Mstari unaofaa unasomeka hivi: tarehe kamili pamoja na mwaka, jina, bidhaa, idadi, bei ya moja, jumla, salio la nyuma, saini. Usiache mistari mitupu katikati, maana wakili wa upande wa pili ataiona kabla ya kitu kingine chochote. Ukikosea, kata kwa mstari mmoja ili la zamani lisomeke, andika jipya pembeni, nyote wawili msaini. Usipake wino mweupe.

Najua pingamizi: "Nikimwambia mama wa jirani asaini kwa kilo mbili za unga ataona simwamini." Ni kweli, na kwa kilo mbili za unga mimi nisingemsumbua. Lakini anayechukua kila siku na kulipa mwisho wa mwezi mpe kadi yake akae nayo, uijaze kila anapochukua. Vituo vya kukusanyia maziwa vinafanya hivyo na wafugaji miaka yote. Hakuna anayeona ametukanwa. Kadi mbili zinazolingana, moja kwako na moja kwake, zina nguvu kuliko daftari moja nene.

Invoisi, au dilivari

Hapa ndipo wauzaji wa jumla wanapoangukia, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Invoisi, au ankara, ni karatasi ya muuzaji. Inasema "ninakudai kiasi hiki". Imechapwa vizuri, ina namba ya mlipakodi, ina akaunti ya benki. Lakini kama mnunuzi hajaisaini popote, bado ni dai lako tu lililovaa suti. Dilivari, yaani hati ya kupokelea mzigo, haina mbwembwe hizo. Mara nyingi ni nakala ya kaboni iliyokunjwa mfukoni mwa dereva. Lakini ina kitu ambacho invoisi haina: mkono wa aliyepokea.

Ukilazimika kuchagua moja, chagua dilivari. Invoisi bila dilivari inakuacha kwenye swali gumu kuliko yote, kama mzigo ulifika. Dilivari bila invoisi inakuacha na swali la bei, na hilo lina njia nyingi za kujibiwa: bei ya oda zilizotangulia, ujumbe wa simu, bei ya soko siku ile. Sheria za mauzo ya bidhaa za Kenya na Tanzania zote zinasema bei isipokubaliwa, mnunuzi analipa bei ya kiasi.

Ila si kila dilivari ni dilivari. Chukua hii: "Saruji mifuko 200. Imepokelewa," kisha mchoro kama nywele iliyodondoka kwenye karatasi. Kampuni inayodaiwa itasema saini hiyo haiitambui, na haina mtu wa hivyo. Ghafla wewe mdai una kazi mpya ya kuthibitisha kwamba yule kijana wa getini alikuwa mtu wao. Sheria inasaidia kidogo, kwani jambo ambalo mtu mmoja ndiye anayelijua hasa, kama orodha ya wafanyakazi wake, yeye ndiye wa kulithibitisha (kifungu cha 112 Kenya, cha 115 Tanzania). Lakini usijenge kesi juu ya kifungu hicho. Hakimu atataka kwanza uonyeshe kitu, ndipo amgeukie mwenzako.

Linganisha na hii: "Saruji mifuko 200, ikiwa kavu na mizima, kwa invoisi namba 0147. Nimepokea mimi," halafu jina lote kwa herufi kubwa, kazi yake pale, namba yake ya simu, saa, namba ya gari, na muhuri wa stoo. Inachukua dakika mbili zaidi. Dereva atalalamika kwamba foleni ni ndefu na anataka kugeuza gari. Mwache alalamike.

Maneno "ikiwa kavu na mizima" yana kazi kubwa kuliko yanavyoonekana. Utetezi unaopendwa zaidi ukishapita ule wa "hatukupokea" ni "ulikuwa mbovu" au "ulipungua". Mnunuzi aliyepokea, akahesabu, akakaa kimya, akaanza kuuza, sheria ya mauzo inamhesabu kuwa ameukubali mzigo. Akitaka kudai ubovu sasa, jukumu la kuuthibitisha ni lake, na muda wa kuukataa mzigo umeshampita. Kama saini yake imeandikwa chini ya maneno hayo, amebakiwa na nafasi finyu sana.

Kwa wanaosambaza hoteli, shule na halmashauri kuna karatasi ya tatu, LPO, yaani oda rasmi ya maandishi ya mnunuzi. Inathibitisha kwamba waliagiza, na mara nyingi kwa bei gani. Haithibitishi kwamba ulileta. Wapo waliokaa na LPO halisi, yenye saini zote, na dilivari imepotea. Kenya, mwaka 2023, serikali ilipounda kamati ya kuhakiki madeni yake ya kati ya 2005 na 2022, chini ya aliyekuwa Mkaguzi Mkuu, Edward Ouko, waliodai walitakiwa walete karatasi, na deni la miaka kumi na tano haliwezi kuhakikiwa kwa kumbukumbu za kichwani. Anayeiuzia taasisi ahakikishe ana vyote vitatu vikiwa na namba moja: LPO, dilivari iliyopigwa muhuri, invoisi yenye alama ya kupokelewa.

Tahadhari moja kuhusu risiti ya kodi. Wengi hutoa risiti ya EFD (mashine ya risiti za kodi ya Tanzania), au ankara ya eTIMS (mfumo wa ankara za kodi) kwa Kenya, mzigo unapotoka, kwa sababu kodi haisubiri mteja alipe. Baadaye mnunuzi huyo huyo anaiinua mbele ya hakimu: "Hii hapa risiti yake, nimelipa." Ukiuza kwa mkopo, hakikisha karatasi ya mauzo imeandikwa kwa herufi za kuonekana kwamba ni mkopo na haijalipwa, na nakala yako ameisaini. Vinginevyo umempa silaha kwa mkono wako.

Na mzigo wa basi? Kariakoo nzima inatuma mikoani kwa mabasi na malori, na muuzaji hamwoni anayepokea Mbeya au Bukoba. Hapa sheria iko upande wako kuliko unavyodhani: mnunuzi akiwa amekuagiza utume, kumkabidhi msafirishaji huhesabiwa kwa kawaida kuwa umemkabidhi mnunuzi, mpaka ithibitishwe vingine. Kwa hiyo stakabadhi ya kifurushi ya kampuni ya basi, iliyoandikwa jina na namba ya mpokeaji, ni dilivari yako. Pamoja nayo weka ujumbe wa mteja unaosema "nitumie kwa basi la kesho asubuhi". Kimoja bila kingine kinachechemea.

Ujumbe wa simu, au muamala wa simu

Tanzania ina Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015, na kifungu cha 18 kinakataza ujumbe kukataliwa kuwa ushahidi eti kwa sababu tu ni wa kielektroniki. Hakimu anaangalia ulivyotunzwa na anayesemekana kuutuma ametambulikaje. Kenya inazipokea jumbe pia, ila ukichapa kwenye karatasi andaa cheti kinachotakiwa na kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi. Kwa hiyo WhatsApp inafaa. Swali ni WhatsApp inayosema nini.

Soma hii:

"Kaka ile ya mchele nitakumalizia mwisho wa mwezi, biashara imekaa vibaya."

Ni nzuri. Anakiri kuna mchele na kuna kitu cha kumalizia. Lakini mchele upi, na kumalizia kiasi gani? Mdaiwa mwerevu atasema "ilibaki elfu hamsini". Sasa soma hii:

"Bosi, salio lako la mchele magunia 20 uliyopokea tarehe 3 Machi 2025 ni sh. 1,900,000 baada ya kutoa 500,000 uliyotuma jana. Nithibitishie."

"Sawa kaka, ndiyo hiyo. Nipe hadi tarehe 30."

Maneno ya mwisho yamefunga mkopo, mzigo kufika, kiasi, na hata tarehe ya kulipa. Hakuna wakili aliyeandika, hakuna ada. Kwa biashara ndogo na za kati, kwa maoni yangu, hii ndiyo karatasi yenye faida kubwa kuliko gharama yake, na ajabu ni wachache wanaoitumia. Andika ukiwa bado mnaelewana. Ukisubiri ugomvi, atasoma na asijibu, na kunyamaza kwake kunaweza kukusaidia kidogo lakini si sawa na "ndiyo hiyo".

Tunza mazungumzo yote, si picha ya skrini tu. Picha inahaririwa na kila hakimu anajua. Simu yenyewe isiuzwe wala kufutwa hadi kesi iishe. Na hakikisha namba ni yake kwa jina. Mtu mwenye laini iliyosajiliwa kwa jina la shemeji atapata pa kujifichia. Kama namba si yake, mfanye aseme jambo linalomtambulisha, au mrudishe kwenye daftari asaini.

Muamala wa M-Pesa au wa mtandao mwingine una ubora mmoja ambao ujumbe hauna: hauwezi kukanwa. Kampuni ya simu inayo kumbukumbu. Lakini wenyewe ni bubu. Unaonyesha pesa zimetoka kwake zikaja kwako, hausemi kwa sababu gani. Mdaiwa anaweza kudai hiyo laki tano ilikuwa ndiyo malipo yote, au ilikuwa ya mzigo mwingine. Ndiyo maana nauunganisha na ujumbe: kila anapolipa kidogo, mjibu papo hapo ukitaja kilicholipwa na kilichobaki. Kama anadaiwa mizigo miwili na hakusema analipia upi, una nafasi ya kuchagua. Mjulishe umechagua upi, siku hiyo hiyo.

Kukiri deni, au hundi

Deni likishachelewa, karatasi za mwanzo zinaanza kuzeeka na watu kusahau. Hapo ndipo hati ya kukiri deni inapoingia: "Mimi fulani nakiri nadaiwa na fulani shilingi kadhaa, salio la bidhaa nilizopokea tarehe kadhaa, na nitalipa hivi na hivi." Ikisainiwa kwa mtendaji wa mtaa au mbele ya wakili, kwa Kenya mara nyingi mbele ya chifu, inafuta ubishi wote wa nyuma. Huhitaji tena dereva, utingo wala stoo. Ina faida nyingine isiyosemwa sana: madai ya mkataba yana ukomo wa miaka 6 katika nchi zote mbili, na kukiri kwa maandishi yenye saini kabla muda haujaisha kunaanzisha hesabu upya. Kenya, hata kulipa sehemu ya deni kunafanya hivyo.

Udhaifu wake uko mahali iliposainiwa. Hati iliyoandikwa kituo cha polisi, mdaiwa akiwa ametolewa mahabusu dakika kumi zilizopita, itashambuliwa kuwa ya kulazimishwa. Ni kweli anayedai kulazimishwa ndiye wa kuthibitisha, lakini mazingira hayo yanamsaidia mno. Msainishe dukani kwake, mchana, shahidi wake awepo na wako awepo. Na ulizia ushuru wa stempu. Hati inayotakiwa kuwa na stempu isipokuwa nayo inaweza kukataliwa kupokelewa mpaka ushuru na adhabu vilipwe. Ni jambo dogo linalokwamisha watu siku ya kusikilizwa.

Hundi inafanya kitu tofauti kabisa, na hapa ndipo jukumu la kuthibitisha linapogeuka upande. Chini ya sheria ya hati za malipo, ambayo Kenya na Tanzania zote zimeirithi kwa Waingereza, aliyesaini hundi anachukuliwa kwa kuanzia kwamba amepata thamani fulani kwa ajili yake. Kwa hiyo hundi ikirudi, huanzi kwa kueleza habari za mzigo. Umeonyesha hundi na jibu la benki. Yeye ndiye aanze kueleza kwa nini asilipe. Tanzania kuna zaidi: Amri ya XXXV ya Sheria ya Mwenendo wa Madai inaruhusu kesi ya hundi kwenda kwa njia ya mkato, ambapo mdaiwa hana hata haki ya kujitetea hadi aombe kibali na aonyeshe ana la kusema.

Mbona basi kila mtu asidai hundi? Kwa sababu mteja mwenye akaunti ya hundi ni wachache, na kwa sababu wengi wanaielewa vibaya. Kenya, kutoa hundi isiyo na pesa ni kosa chini ya kifungu cha 316A cha Kanuni ya Adhabu, na wauzaji huitegemea kwa ajili ya vitisho. Lakini kosa hilo la kukosa pesa kwenye akaunti haliihusu hundi iliyoandikwa tarehe ya mbele, nayo ndiyo hasa inayotolewa kwenye mkopo wa bidhaa. Itumie kwa ajili ya kesi ya madai, huko ina nguvu. Kwa jinai inaweza kukuangusha.

Kwa deni changa na mteja wa kampuni, ningechukua hundi pamoja na dilivari. Kwa deni lililokwisha kuchelewa na mtu binafsi, hati ya kukiri.

Mashahidi peke yao

Sheria zote mbili hazitaji idadi ya mashahidi. Mmoja anayeaminika anatosha. Kwa nadharia unaweza kushinda kwa dereva na utingo wake tu. Kwa vitendo dereva amehamia kampuni nyingine, utingo yuko Tunduma, na yule aliyebaki ni mke wako. Mashahidi ni wa kuieleza karatasi, si wa kukaa mahali pake. Kama huna karatasi kabisa, kumbuka jambo hili: sheria za mauzo ya bidhaa za nchi zote mbili bado zina masharti ya zamani kwamba mauzo ya kuanzia shilingi mia mbili hayadaiki mahakamani bila maandishi, isipokuwa mnunuzi amepokea sehemu ya mzigo au ametanguliza pesa. Kwa Tanzania kiasi hicho siku hizi hakinunui hata soda, na Kenya nako ni pesa ndogo, kwa hiyo karibu kila biashara inaguswa. Shahidi wako, akipatikana, azungumzie kupokelewa kwa mzigo, asizunguke kwingine.

Polisi, au mahakama

Kukimbilia polisi kunavutia kwa sababu ni haraka na kunatisha. Lakini kuchelewesha kulipa si jinai, na ukitaka kumgeuza mtu kuwa tapeli unajitwika kiwango cha kuthibitisha bila kuacha shaka, kwa ushahidi ule ule uliokuwa unatosha vizuri kwenye madai. Mara nyingi kinachopatikana huko ni ahadi ya mdomo.

Tanzania, mahakama ya mwanzo inapokea madai ya deni hadi shilingi milioni 30, kwa Kiswahili, na bila kanuni nzito za ushahidi. Kenya, Mahakama ya Madai Madogo, iliyoanza kazi Milimani, Nairobi, mwaka 2021, inapokea hadi shilingi milioni moja ya Kenya, haifungwi moja kwa moja na kanuni zote za ushahidi, na sheria yake inataka uamuzi ndani ya siku 60. Kulegea huko kwa kanuni hakuondoi jukumu lako. Mdaiwa asipotokea kabisa, hata kesi ikisikilizwa upande mmoja, hakimu bado anaweza kukuuliza dilivari iko wapi.

Kwa mteja wa Lubumbashi au Bujumbura anayechukua mzigo Kariakoo kwa mkopo, ulinganisho wote huu unapungua maana. Karatasi inaweza kuwa safi kabisa na usiwe na mahali pa kumpata wala mali yake ya kukamata. Huyo mwuzie taslimu, au achukue nusu alipe nusu, mzigo wa pili utoke wa kwanza ukiisha kulipwa.

Kama wewe ndiye uliyekopa

Geuza karatasi zote hizo. Mwenzako akishaonyesha mzigo ulikufikia, kila shilingi uliyolipa ni yako kuithibitisha. Taslimu bila stakabadhi ni malipo mabaya kuliko yote, hata kama mlikuwa marafiki siku ile. Namba ya malipo ya kampuni (ile inayoitwa "Lipa Namba") ni bora kuliko namba ya mtu, kwa sababu jina linalotokea kwenye ujumbe ni la anayekudai. Afisa mauzo akikuambia "nitumie kwenye namba yangu, mfumo uko chini", jua kwamba akiacha kazi kesho, kampuni itakuuliza kama yeye alikuwa na ruhusa ya kupokea, na jibu la swali hilo utalitafuta wewe. Kama huna budi, mwandikie msimamizi wake hapo hapo: "Nimemtumia kijana wako sh. 800,000 ya invoisi namba fulani." Akijibu "tumeiona", umemaliza. Mzigo ukija pungufu au umelowa, andika kwenye dilivari kabla ya kusaini, piga picha gari likiwa bado linaonekana namba, na utume siku ile ile. Kuusaini kimya kimya ukipanga kulalamika baadaye ni kumsainia muuzaji kesi yake.